Pomboo wa Hippo

Mzazi amtafutiaye mtoto wake kitabu cha pomboo, yule mnyama wa bahari apumuaye hewa kama sisi, asidanganywe na jalada. Kitabu cha Scott O'Dell cha mwaka 1960 chataja pomboo wa buluu katika jina lake, lakini ni habari za msichana aliyeachwa peke yake kisiwani. Ni kitabu chema hata hivyo.

Hadithi ya pomboo mwenyewe iliandikwa na Mrumi Plinius Mdogo katika barua kwa rafiki yake mshairi, nayo yatoka Afrika: mji wa Hippo, leo Bizerte katika Tunisia (si Hippo ya Mtakatifu Agostino). Mvulana aliogelea mbali. Pomboo akaja, akambeba mgongoni, akamrudisha pwani. Kesho yake akaja tena. Hata watu wakazoea kumgusa. Ndipo wakubwa wa serikali wakamiminika kumtazama, na mji mdogo ukagharamia wageni hao mpaka mali yake ikapungua. Wenyeji wakakata shauri: pomboo akauawa kwa siri.

Msiwafiche watoto mwisho huo. Mtoto wa miaka 10 aweza kuuliza neno ambalo Plinius hakuliuliza: mbona hakuna aliyewaambia wakubwa warudi kwao?