Buibui Asiyetega Utando: Tumjue Kabla ya Kumpiga



Juma hili naanza kwa kukiri kosa langu. Usiku mmoja mwaka jana, baada ya sala ya Isha, binti yangu alipiga ukelele uani: "Mama, njoo! Buibui ana mgongo unaotembea!" Nilitoka mbio, nikamwona buibui mkubwa wa rangi ya udongo amesimama kando ya mtungi, mgongo umemvimba kama aliyebeba mzigo. Sikungoja. Nilivua kandambili nikampiga. Papo hapo mzigo ule ukavunjika ukawa buibui wadogo wasiohesabika, wakatawanyika sakafuni kila upande. Binti akalia. Nami kwa hofu nikachukua mkebe wa dawa ya wadudu, nikapuliza ua wote, nikaingia hadi chumba wanacholala watoto.

Usiku ule hatukulala. Mwanangu mdogo ana pumu, na dawa ile ilimbana kifua hadi Alfajiri. Alhamdulillahi, alipata nafuu. Asubuhi mavyaa wangu aliniita barazani, akaniambia kwa upole: "Mwanangu, yule alikuwa mama. Wale walikuwa wanawe." Sikuwa na jibu. Nilijiuliza tu ni nani hasa aliyewadhuru watoto wangu usiku ule, buibui au mimi.

Tangu hapo nimetafuta habari za kiumbe yule, nami naona si haki kuzificha. Sisi wanawake wa Pwani twalivaa jina la buibui kila tutokapo mlangoni, kumbe mwenye jina hatumjui.

Wataalamu wa viumbe humwita buibui mbwamwitu. Watu wa kale walipomwona akikimbilia windo badala ya kulitega, walidhani huwinda kwa makundi kama mbwamwitu. Hilo si kweli, kwani kila mmoja huwinda peke yake. Aina zake zilizokwisha kuandikwa zapita 2,400, nazo zapatikana karibu kila pembe ya dunia, jangwani, milimani, mashambani na ufukweni. Nyingine ni ndogo kuliko punje ya mchele, na nyingine mwili wake pekee, bila miguu, wafika sentimita 3.

Tutamtambuaje? Kwanza, tazama mahali alipo. Huyu ni wa ardhini. Utamwona sakafuni, kwenye nyasi, chini ya majani makavu au mlangoni mwa kishimo. Hafumi utando wa kunasia nzi. Rangi yake ni ya udongo, kijivu au hudhurungi, mara nyingi ana mistari mgongoni, na mwili una vinyweleo.

Pili, tazama macho. Ana macho manane yaliyopangwa safu tatu: manne madogo chini, mawili makubwa katikati yakitazama mbele, na mawili ya kadiri juu. Nyuma ya baadhi ya macho hayo mna ngozi ing'aayo kama ya jicho la paka. Ukitaka kuhakikisha, shika tochi karibu na paji la uso wako usiku, uangaze nyasi za ua. Vile vimulimuli vidogo udhaniavyo kuwa ni umande, vingine ni macho yake.

Tatu, na hii ndiyo alama kubwa, tazama jinsi jike anavyobeba mayai. Huyasokotea mfuko wa mviringo wa hariri, akaufunga mwishoni mwa tumbo, pale utokapo uzi wake, akawa anauburura kila aendako. Akinyang'anywa hutangatanga akiutafuta. Wataalamu waliwahi kumwekea kidonge cha pamba au cha karatasi badala yake, naye akakifunga nyuma yake akakibeba kwa uaminifu ule ule. Mayai yakishaanguliwa, mama huupasua mfuko kwa meno yake, na watoto hupanda mgongoni mwake wakashikamana na vinyweleo. Huweza kuwa makumi, na kwa aina kubwa hata 100 na zaidi. Hukaa hapo kiasi cha juma moja au zaidi, wakiishi kwa akiba waliyotoka nayo yaini, kisha hushuka mmoja mmoja kwenda kujitafutia. Huo ndio mzigo nilioupiga kwa kandambili.

Tusimchanganye na wengine. Yule buibui bapa akaaye ukutani, miguu ameitandaza ubavuni kama kaa, si huyu. Naye hubeba mfuko wake chini ya kifua. Wa kuangaliwa kwa hadhari ni mwingine kabisa. Huyo ana tumbo la duara kama shanga, na chini ya tumbo ana doa jekundu au la rangi ya machungwa. Hufuma nyuzi zisizo mpango chini ya viti, nyuma ya masanduku na kwenye vyungu visivyotumika, na aina yake ya kahawia hutundika vifuko vya mayai vyenye vijimiba. Huyo usimshike kwa mkono, maana sumu yake huleta maumivu makali.

Je, buibui mbwamwitu huuma? Huuma akishikwa, akikaliwa au akibanwa ndani ya nguo, lakini akikuona njia yake ni kukimbia. Kwa miaka mingi huko Brazili madaktari walimlaumu kwa vidonda vinavyooza ngozi. Mwaka 1990 uchunguzi wa watu 515 walioumwa naye ulichapishwa, na kidonda cha namna hiyo hakikuonekana. Mwaka 2004 watafiti wa Australia walichapisha habari za watu 45 walioumwa, nao hawakuona. Waliloona ni maumivu ya muda mfupi, wekundu na mwasho.

Hili nalisisitiza kwa sababu nyumbani kwetu kila kipele kisichojulikana huitwa "kimeumwa na buibui". Mtoto hupakwa majani, mzee mwenye ugonjwa wa sukari hufungwa kitambaa, na siku zinapita. Vingi vya vidonda hivyo ni maradhi ya vijidudu vya ngozi yanayohitaji dawa ya hospitali, na kwa mwenye sukari kuchelewa kwaweza kumgharimu mguu. Aliyeumwa na buibui na aoshwe mahali hapo kwa maji na sabuni, awekewe kitambaa cha maji baridi. Uvimbe ukiendelea, homa ikipanda, pumzi ikibana au kidonda kikapanuka, mpelekeni kwa daktari bila kungoja.

Naye ana faida gani kwetu? Hula mende, chenene, panzi na buibui wenzake. Mkulima wa mchicha na mpunga ana mlinzi asiyelipwa mshahara. Wazee wetu walitukataza kuua buibui, wakitusimulia kisa cha pango la Thaur katika Hijra. Nasi heshima hiyo tumempa mwenye utando peke yake, huyu mkimbiaji tukamwona mgeni. Ile nyumba ya buibui iliyopigiwa mfano wa udhaifu katika Surat Al-Ankabut, yeye hana hata hiyo. Wanawe hana pa kuwaweka ila mgongoni mwake.

Akiingia ndani, hakuna haja ya kandambili wala dawa. Mfunike kwa bilauri, pitisha karatasi ngumu chini yake taratibu, mtoe hadi chini ya mgomba au penye majani. Ukimwona na mzigo mgongoni, fanya polepole zaidi. Usipende aingie? Ziba upenyo wa chini ya mlango kwa kitambaa, ondoa makuti na kuni zilizorundikana ukutani, na uzime taa ya nje usiku, kwani taa huita wadudu, na wadudu humwita yeye. Viatu na nguo zilizokaa sakafuni zikung'utwe kabla ya kuvaliwa. Dawa ya kupuliza isitumiwe kabisa chumba wanamolala watoto, hasa wenye pumu.

Msimu huu wa mvua alikuja mwingine, mfuko mweupe nyuma yake. Binti yangu hakupiga ukelele. Alichukua bilauri na jalada la daftari, akamtoa nje hadi kwenye majani, kisha akarudi akaniambia: "Mama, yai hakuliangusha." Mavyaa wangu alikuwa barazani. Alicheka, akamwombea dua mjukuu wake.

Wabillahi tawfiq. Tukutane juma lijalo, inshaallah.

Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.