Siku za Mahakama na Udhuru wa Halmashauri

Imekuwa kama desturi kwamba Halmashauri ikichelewa kupeleka rufani, huomba kuongezewa muda, na katika udhuru wake hutajwa karani: barua ilikaa mezani, jalada halikuonekana, mtumishi alihamishwa. Jambo hili latuhusu sana sisi makarani, kwa hiyo twalisema.

Sheria ya Tanzania haifichi kitu. Asiyeridhika na hukumu ya Mahakama Kuu ana siku 30 za kutoa notisi katika Mahakama ya Rufani; zikimpita, Kanuni ya 10 ya Kanuni za mwaka 2009 yamruhusu kuomba muda, mradi aonyeshe sababu njema. Katika shauri la Lyamuya, Maombi Na. 2 ya 2010, mahakama ilieleza sababu njema ni nini: mwombaji ahesabu siku zote alizochelewa, zisiwe za kupita kiasi, naye aonyeshe bidii wala si uzembe. Hapana neno humo lisemalo kwamba Halmashauri yaachiliwa.

Walakini uko mlango mwingine. Tangu shauri la Valambhia, lililoletwa na Katibu Mkuu wa Wizara ya Ulinzi, na kuchapishwa katika taarifa za sheria za 1992, imekubaliwa kwamba hukumu ikidaiwa kuwa na kosa la sheria, muda waweza kuongezwa ili kosa litazamwe. Lyamuya iliubana mlango huo: kosa lazima lionekane wazi katika kumbukumbu za shauri, si la kutafutwa kwa hoja ndefu. Twaona ulibanwa kwa haki, maana wakili gani atakosa kosa la kudai?

Wako wasemao kwamba fedha ya Halmashauri ni ya watu wote, basi watu wasiadhibiwe kwa uvivu wa mtumishi mmoja. Si neno la kupuuzwa. Lakini aliyeshinda shauri naye ni mmoja wa watu hao. Yeye alitakiwa kutoa notisi na kungoja siku 90 kabla ya kushitaki. Asingalingoja, shauri lake lingalitupwa. Halmashauri iliyopewa siku hizo zote kujitayarisha yawezaje kusema jambo limeizukia? Huko Uhindi, mwaka 2012, Mahakama ya Juu ilimkatalia Mkuu wa Posta aliyechelewa siku 427, ikisema kuzunguka kwa majalada maofisini si udhuru tena katika zama za vyombo vipya.

Kwetu sisi lililo zito ni kiapo. Mahakama haikubali kiapo cha mambo ya kusikia. Atajwaye kuwa ndiye aliyekawiza yampasa aape mwenyewe. Ndipo karani huitwa, pengine mwaka umekwisha kupita, atie sahihi karatasi iliyoandikwa na wakili. Basi twawaomba wenzetu: hati ya mahakama ikifika, ipigwe muhuri wa tarehe na saa, iandikwe katika daftari la barua, na afisa aipokeaye atie sahihi siku ile ile. Na mwanachama akiletewa kiapo kisemacho asiyoyaona, asikitie sahihi, bali amwarifu Katibu wa Chama kabla ya siku ya kusikilizwa.