Korosho: Bei Huamuliwa na Idadi ya Wanunuzi

Kila msimu wa minada ya korosho unapoanza Mtwara, Lindi na Ruvuma, swali la kwanza sokoni huwa ni kilo imefika shilingi ngapi. Swali hilo ni halali, lakini halitoshi. Mfanyabiashara makini anapaswa kuuliza pia ni kampuni ngapi zimepeleka zabuni.

Nadharia kongwe ya biashara ya kimataifa, iliyowekwa na David Ricardo mwaka 1817, inafundisha kwamba kila nchi iuze kile inachokizalisha kwa unafuu zaidi. Hesabu hiyo huchukulia kuwa wauzaji na wanunuzi ni wengi, na hakuna anayeweza kujipangia bei. Mwaka 1979 Paul Krugman wa Marekani, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 2008, alieleza biashara ya dunia kwa njia nyingine: anayezalisha kwa wingi hupunguza gharama ya kila kipande, na hapo ushindani huwa si kamili.

Korosho ni mfano hai. Upande mmoja wapo wakulima wadogo maelfu kwa maelfu, wanaouza kupitia vyama vya ushirika kwa stakabadhi ghalani, utaratibu ulioanza msimu wa 2007/08. Upande wa pili wapo wasafirishaji wachache, na sehemu kubwa ya korosho ghafi huishia katika viwanda vya India na Vietnam. Anayesafirisha tani elfu kumi hulipa nauli ndogo kwa kilo kuliko mwenye kontena mbili. Mdogo akijitoa, waliobaki hawana sababu ya kupandisha bei.

Mwaka 2018 hali hiyo ilijitokeza waziwazi. Wakulima waligomea bei za wanunuzi zilizokuwa chini ya shilingi 3,000, na Novemba Serikali ikaamua kununua korosho yote kwa shilingi 3,300 kwa kilo, ikitumia jeshi kuisomba. Nia ilikuwa njema, lakini korosho zilikaa maghalani kwa miezi kadhaa, na wakulima wengi wakachelewa kulipwa. Kubadili bei bila kuongeza wanunuzi ni kuhamisha tatizo kutoka mnadani kwenda ghalani.

Hata hivyo, Tanzania ina karata yake. Huvuna kuanzia Oktoba, wakati mavuno ya India na Afrika Magharibi huanza takriban Februari. Kwa miezi hiyo viwanda vya Asia vina wauzaji wachache wa kukimbilia. Karata hiyo hupotea pale wanunuzi wanapojua kuwa korosho ghafi haina pa kwenda isipokuwa kwao.

Dawa ni kiwanda cha kubangua kilichopo nchini, kinachoshindana katika mnada uleule. Viwanda 12 vya umma vilivyojengwa zamani vilikwama kwa sababu nyingi, mojawapo ikiwa ni mavuno kuporomoka miaka ya 1970 na 1980. Sababu hiyo haipo tena: msimu wa 2017/18 ulitoa zaidi ya tani 300,000. Kinachokosekana ni mikopo ya riba nafuu ya kununulia malighafi, kwani mbanguaji hulazimika kununua ya mwaka mzima ndani ya miezi michache.

Hadi hapo, mwenye mtaji mdogo asikimbilie bei ya mnada wa kwanza kabla ya kuhesabu waliojitokeza kununua.