Jirani Yako Anasoma Mtandaoni: Msaidie Kuianza Jumatatu

Huenda nyumba ya pili kutoka kwako anaishi mwanafunzi wa chuo kikuu na wewe hujui. Hapandi daladala ya kwenda chuoni wala humwoni na begi la vitabu. Ni mwalimu wa shule ya msingi mwenye stashahada anayejiendeleza ili apate shahada. Ni muuguzi wa kituo cha afya anayefungua vitabu akitoka zamu ya usiku. Ni mama aliyerudi masomoni baada ya kulea, na darasa lake lote limo ndani ya simu janja yenye kioo kilichopasuka. Hapa Tanzania watu wa namna hii tumekuwa nao tangu Chuo Kikuu Huria kilipoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1992 na kupokea wanafunzi wake wa kwanza mwaka 1994. Majirani zetu wa Kenya walipata chuo kikuu huria chao mwaka 2023. Siku hizi hata vyuo vyenye majengo na mabweni huendesha baadhi ya vipindi kwa njia ya mtandao.

Nawaombea wanafunzi hawa jambo moja: wasiachwe kuianza wiki peke yao.

Siku inayowaelemea wengi ni Jumatatu, na uzito wake huanza kuonekana Jumapili jioni. Kwenye kundi la WhatsApp la kozi kiongozi wa darasa ametuma ujumbe kwamba kipindi cha saa nne kimesogezwa hadi saa mbili asubuhi. Kiungo cha kuingilia kimebadilishwa. Mfumo wa chuo unakataa neno la siri. Kuna kazi ya kukusanya, na mwisho wake ni saa tano na dakika hamsini na tisa usiku huohuo. Bando limebaki kidogo, uniti za umeme nazo zimebaki kidogo, na anapiga hesabu anunue kipi kwanza. Sare za watoto hazijapigwa pasi. Kila jambo kati ya haya, likija peke yake, linabebeka. Yakija yote katika saa tatu za usiku, mtu hulala akiwa amechoka na huamka akiwa na hofu.

Hivi tunaelewa ni kitu gani anachokosa mtu anayesomea nyumbani? Anayekwenda chuoni, kwa miguu au kwa basi, anapewa na safari ile nafasi ya kuyaacha ya nyumbani na kujiandaa kwa ya darasani. Hata wanaobaki nyumbani wanajua kwamba ameondoka. Anayesoma mtandaoni hana safari hiyo. Sasa hivi anaosha vyombo, punde anatakiwa aelewe mlinganyo wa takwimu. Mwili wake uko sebuleni, kwa hiyo anatumwa chumvi, anaulizwa ufunguo uko wapi, anaombwa amshike mtoto kidogo tu. Hakuna anayemtendea ubaya. Ni kwamba hakuna anayemwona kuwa yuko darasani.

Uchovu wa kukaa mbele ya kioo una sababu zinazojulikana. Mwaka 2021 Profesa Jeremy Bailenson wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, alichapisha makala akieleza kwa nini mikutano ya video inachosha. Alitaja mambo manne: nyuso nyingi zinazokukazia macho kwa ukaribu usio wa kawaida, kujitazama mwenyewe muda wote, kukaa mahali pamoja bila kujongea, na juhudi kubwa ya akili kusoma ishara ambazo ana kwa ana tungezielewa bila kufikiri. Ongeza juu yake mtandao unaosumbua, sauti ya mhadhiri ikatike katikati ya sentensi, na mwanafunzi abaki akijiuliza kama kilichopotea ndicho kitakachoulizwa kwenye mtihani.

Kwa hiyo naomba tuliache neno moja ambalo limewaumiza watu wengi kuliko tunavyodhani: “Kutwa yuko kwenye simu.” Mtu aliyejinyima usingizi ili amalize sura moja, akiambiwa hivyo na mama mkwe, mume, mke au kaka, huanza kuona aibu ya kusoma. Akiona aibu hujificha. Akijificha, siku atakayokwama hapatakuwa na wa kumwambia.

Sisi tuna historia yetu ya kujifunza kutoka mbali, na inasikitisha kwamba tumeisahau. Mwaka 1973 iliendeshwa nchini kampeni ya Mtu ni Afya. Mafunzo yalirushwa kwa redio. Vijijini redio zilikuwa chache, barabara mbovu, na walengwa wengi walikuwa watu wazima ambao ndio kwanza walikuwa wakijifunza kusoma. Hata hivyo walishiriki watu wapatao milioni 2. Waliwezaje? Hawakuachwa kila mmoja na redio yake. Walikusanyika katika vikundi, wakiwa na kiongozi aliyepewa mafunzo na kijitabu cha kusomwa kwa sauti. Walisikiliza pamoja, wakajadiliana, kisha wakakubaliana la kufanya: kuchimba choo, kuchemsha maji, kufyeka vichaka wanamojificha mbu. Kabla yake, mwaka 1971, ilikuwapo kampeni ya Wakati wa Furaha, ya kuadhimisha miaka 10 ya uhuru, na mwaka 1975 ikafuata Chakula ni Uhai. Mwalimu alikuwa mbali, lakini wanafunzi walikuwa karibu.

Nadhani hapo ndipo tulipopotea tulipohamia kwenye simu. Redio ya kijiji ilikuwa ya wote na tuliizunguka; simu ni ya mtu mmoja, na tumechukulia kwamba kusoma kwa simu ni shughuli ya mtu mmoja. Si lazima iwe hivyo. Wanafunzi watatu wa kozi tofauti wanaweza kukaa meza moja, kila mmoja na kipindi chake masikioni, wakagawana bando na chai. Asiyeelewa takwimu atamkuta aliyezisoma mwaka jana. Na asiyekuja Jumatatu mbili mfululizo, kuna atakayeuliza yuko wapi.

Kwako wewe unayesoma, dada yangu, kaka yangu, naanza na ombi hili: tafuta wenzako wawili au watatu kabla ya Jumapili ijayo. Si kundi la WhatsApp la watu mia mbili ambamo kila mtu anauliza na hakuna anayejibu. Nasema watu ambao ukiwapigia saa kumi na moja alfajiri watapokea. Kubalianeni mpigiane simu Jumapili alasiri, kabla ya purukushani za jioni, mkumbushane vipindi, viungo na kazi za kukusanya. Kisha kila mmoja aandike kwenye karatasi mambo matatu tu ya Jumatatu. Mengine yapo, yatasubiri Jumanne. Pakua notisi mapema, saa ambazo bando ni nafuu, na zile muhimu kaziprinti stesheneri, kwa sababu karatasi haiishi chaji. Kwenye kipindi cha video, ficha picha yako mwenyewe ili uache kujitazama. Mhadhiri akiruhusu, zima kamera kabisa usikilize sauti, na bando litadumu. Kila kipindi kinapoisha inuka, toka nje, tembea hata kuzunguka nyumba. Na usiku wa Jumapili lala. Najua maneno haya ni rahisi kuandika. Lakini ukurasa unaosomwa saa nane usiku kwa macho yanayofumba, asubuhi huwa umeshafutika kichwani, na siku nzima unailipia.

Umuhimu wa wenzako na wa karatasi ulionekana Mei 2024. Jumapili ya tarehe 12 mwezi huo, nyaya mbili za chini ya bahari zinazotuletea intaneti, EASSy na Seacom, zilipata hitilafu kwa wakati mmoja. Mtandao ukadhoofika Tanzania, Kenya, Uganda na kwingineko katika ukanda huu, na wiki ya masomo ikaanza watu wakitazama duara linalozunguka kwenye kioo. Ukiwa na notisi mkononi na mwenzako mtaa wa pili, siku kama hiyo unaweza kusoma. Ukiwa peke yako na simu, unabaki kuhesabu saa.

Familia, ombi langu kwenu ni dogo na halihitaji fedha. Mwanafunzi wenu apewe saa zake zijulikane na kila mtu nyumbani, watoto wakiwemo. Tundikeni ratiba yake ukutani. Muda wa kipindi ukifika, mhesabuni kuwa amesafiri. Asitumwe, asiulizwe, na mgeni akija aambiwe kwamba yupo darasani. Jumapili jioni mmoja wenu achukue kazi moja mikononi mwake, kupiga pasi sare au kupika, na achukue bila kuombwa. Akina baba, hili nawaambia ninyi hasa, maana wanafunzi wengi ninaowazungumzia ni wake zenu, na kazi za nyumbani hazikupungua siku walipojiandikisha.

Waheshimiwa wahadhiri, nanyi nawasihi. Mwisho wa kukusanya kazi usiku wa manane Jumapili unaonekana ni ukarimu, kwamba mwanafunzi amepewa wikiendi nzima. Kwa anayefanya kazi, mwenye watoto na anayekwenda ibada, wikiendi hiyo haipo. Unamnyima usingizi wa usiku anaouhitaji kuliko usiku mwingine wowote. Wekeni mwisho Jumatano jioni. Rekodini muhadhara, tumeni pia sauti peke yake kwa wasio na bando la video. Mabadiliko ya ratiba yatangazwe kabla ya Ijumaa jioni. Na dakika tano za mwanzo za kipindi cha Jumatatu waulizeni wanafunzi hali, kwa majina, kabla ya kufungua slaidi. Waajiri nao wakimruhusu mtumishi anayejiendeleza apangiwe zamu isiyogongana na kipindi chake, watapata mfanyakazi bora kwa gharama ndogo sana.

Lipo jambo zito zaidi, na sitaki nilipite haraka. Msongo wa Jumatatu wa kawaida hupungua kufikia Jumanne. Ukiona ndugu yako halali wiki kwa wiki, hali chakula, amejitenga, analia bila sababu anayoweza kuitaja, au anasema ingekuwa heri asingekuwapo, hapo hahitaji nasaha za kupanga muda. Kaa naye, usimwache peke yake, mpeleke hospitali aonane na mtaalamu wa afya ya akili. Vyuo vina walezi na washauri wa wanafunzi, na mwanafunzi wa mbali ana haki ya kuwapigia simu sawa na anayelala bwenini. Kwa watoto na vijana wadogo wanaosoma kwa njia hii, namba ya simu ya huduma kwa mtoto ni 116, Tanzania na Kenya pia.

Nao watoto tusiwasahau. Mwaka 2020, shule zilipofungwa Machi kwa sababu ya korona, tuliona jinsi nyumba zilivyogawanyika: yenye intaneti na kompyuta, na yenye simu moja ambayo baba anaondoka nayo kazini. Hapa kwetu shule zilikuwa zimefunguliwa zote kufikia mwisho wa Juni; Uganda wanafunzi wengi walisubiri hadi Januari 2022. Mtoto wa jirani asiye na kifaa anaweza kukaa na mwanao saa moja jioni. Nyumba yenye intaneti haitapungukiwa kitu.

Mwisho niwageukie viongozi wa mitaa, kata, misikiti na makanisa. Karibu kila mtaa una chumba chenye taa, viti na soketi ya umeme ambacho kinafungwa saa tisa na nusu alasiri: ofisi ya serikali ya mtaa, darasa la shule ya kata, madrasa, ukumbi wa parokia. Maktaba za mikoa zipo, lakini mwenye zamu hawezi kuziwahi, na wa kijijini hazifikii. Fungueni chumba kimoja Jumapili saa kumi jioni hadi saa mbili usiku, na tena Jumatatu asubuhi. Wekeni kijana mmoja wa kushika ufunguo na daftari la kuandika majina. Mwenye uwezo mtaani anunue bando la wiki la kugawana. Wengine wachangie maji ya kunywa na balbu. Hakuna haja ya kusubiri mradi wala mfadhili. Mtangaze kwenye ibada na kwenye mkutano wa mtaa kwamba nafasi ipo, na yeyote anayesoma, wa chuo chochote na wa umri wowote, aje na simu yake na chaja.