Nguzo za Miiba Uani: Kuujua Mpungate Kabla ya Kuuhukumu



Juma hili tumeletewa swali na mama mmoja anayejitafutia riziki kwa kitalu kidogo cha miche ya maua. Asema kuwa miongoni mwa miche yake imo mipungate mirefu iliyosimama wima kama nguzo, ambayo wengine huiita dungusi kakati, na wateja huipenda kwa kuwa haidai maji mengi. Hivi karibuni alijiwa na kijana aliyetaka vipande vingi vya urefu wa mkono, bila mizizi wala chungu. Alipomuuliza ni vya nini, kijana akacheka, akasema kuna mpungate wa Peru ambao maji yake humsafirisha mtu pasipo kupanda ndege. Mama yetu hakumuuzia. Lakini tangu siku hiyo hana raha: je, aing'oe yote? Na pesa alizokwisha kuzipata, ni halali?

Swali hili si dogo, kwani pesa hizo ndizo zilipazo karo ya watoto. Na wanazuoni wetu hawakihukumu kitu kabla ya kukijua kilivyo. Basi na tuanze na mmea wenyewe.

Jamii ya mpungate asili yake ni mabara ya Amerika. Ni aina moja tu, yenye vitawi vyembamba vining'iniavyo mitini, iliyofika Afrika pasipo kuletwa na mtu. Kwa hiyo ile nguzo kubwa ya miiba iliyojiotea nyikani kwetu, yenye matawi yaliyoinuka kama kinara cha taa, si mpungate hata kidogo. Hiyo ni jamaa ya mnyaa. Hapa ndipo penye hatari ya kwanza, nayo kwa maoni yetu ndiyo kubwa zaidi kwa nyumba yenye watoto. Jamaa ya mnyaa ukiukwaruza hutoa utomvu mweupe kama maziwa, unaounguza ngozi, na ukiingia jichoni waweza kumharibia mtu uoni wake. Ikitokea hivyo, jicho lioshwe papo hapo kwa maji safi mengi yanayotiririka, kwa robo saa au zaidi, kisha mtoto apelekwe hospitali siku hiyo hiyo. Lisitiwe dawa ya kienyeji.

Hatumshauri mtu akate mti ili aone rangi ya maji yake. Itazameni miiba. Miiba ya mpungate huchipuka kwa vishada kutoka kwenye kidoa kidogo chenye manyoya, mfano wa kipande cha pamba kilichobandikwa juu ya mgongo wa mti. Miiba ya jamaa ya mnyaa aghalabu hukaa miwili miwili kama pembe za mbuzi, na kidoa hicho cha manyoya hakipo. Mwenye macho mazuri huitofautisha akiwa amesimama hatua moja mbali.

Sasa tuje kwa mipungate ya nguzo ya Amerika ya Kusini yenyewe. Ni mingi, nasi hatutaitaja yote. Uko ule wa Bolivia uliofunikwa miiba myeupe hata ukadhani ni mzee mwenye mvi. Uko ule wa kaskazini magharibi mwa Argentina, unaokua polepole hata ukafikia mita 10, na ubao wake mkavu ulitumika kutengenezea milango na mapaa mahali ambapo hapana miti mingine. Lakini unaopatikana sana katika vitalu ni wa jamii ya Cereus. Mmojawapo hutoka nyanda kame za kaskazini mashariki mwa Brazil, nao huitwa mandacaru. Wakulima wa huko hulitazamia ua lake kama dalili ya mvua, na miaka ya ukame huichoma miiba yake kwa moto, kisha wakawalisha ng'ombe shina lake. Cereus ina migongo myembamba iliyochongoka kama makali ya upanga, na machipukizi yake mara nyingi huwa na rangi ya samawati. Tunda lake ni laini lisilo na miiba, kwa kawaida jekundu, na ndani lina nyama nyeupe yenye mbegu nyeusi. Huliwa, na asili ya vitu ni halali.

Na ule anaoutafuta kijana? Huo ni mpungate wa milima ya Andes, katika nchi za Ecuador, Peru na Bolivia, nao huitwa San Pedro. Wataalamu wa Marekani, Britton na Rose, waliuandika mwaka 1920 kwa jina la Trichocereus pachanoi. Baadaye ukahamishiwa jamii ya Echinopsis, na hata leo vitabu havijakubaliana juu ya jina lake. Katika magofu ya Chavín de Huántar huko Peru, yenye umri wa zaidi ya miaka 2,000, mna jiwe lililochongwa sura ya kiumbe wa kutisha aliyeshika mpungate wa nguzo mkononi. Waganga wa huko wameutumia tangu zama hizo, kwa sababu ndani yake mna kitu kiitwacho meskalini, kinachoivuruga akili kwa muda wa saa nyingi. Anayekitumia huona yasiyokuwako, hutapika, na moyo wake hudunda kwa kasi. Meskalini imo katika orodha kali kabisa ya mkataba wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1971 juu ya dawa zinazoathiri akili.

San Pedro aghalabu una migongo sita hadi minane, nayo ni mipana na ya mviringo, si makali kama ya Cereus. Miiba yake ni mifupi, pengine haionekani, na juu ya kila kidoa mna mkunjo mdogo. Hata hivyo mkulima mzoefu naye hubabaika, kwani mipungate hii huzalishwa kwa kuchanganywa, na wauzaji hubandika jina lolote. Ushahidi ulio wazi zaidi ni ua. Yote miwili huchanua usiku kwa maua makubwa meupe. Lakini shingo ya ua la Cereus ni laini na tupu, ilhali ya San Pedro na jamaa zake imefunikwa manyoya. Basi asiyeona ua asikate shauri haraka.

Tukirejea kwenye hukumu, watu wa Pwani hatuhitaji kwenda Peru kutafuta mfano. Kungumanga tunaitia katika halua na vitamutamu, na ikizidi sana hulevya. Wanazuoni wa madhehebu yetu ya Shafi waliijadili karne nyingi zilizopita: Ibn Hajar al-Haytami aliikaza, naye Shihab al-Ramli akakiruhusu kichache chake na kukiharamisha kingi. Hakuna aliyesema mti wake ukatwe. Vivyo hivyo mzabibu: hutoka kwake zabibu, na hutoka kwake mvinyo, wala mkulima wake hana lawama mpaka amuuzie yule anayejua kuwa ataigema kuwa ulevi.

Kwa hiyo, kuupanda mpungate kwa pambo au kwa tunda hakuna ubaya. Kuunywa au kuula ule wenye kulevya ni haramu, hata kama mnywaji atauita dawa au ibada ya watu wa kale. Kumuuzia mtu ambaye ameshatamka nia yake ni kumsaidia katika maasi, na mama yetu alifanya vyema kumzuia. Pesa alizopata kwa wateja wa maua ni halali yake, na azile kwa amani. Tena, kwa wale wenye wasiwasi wa twahara, mmea huu si najisi: maji yake yakikugusa nguo, swala yako ni sahihi. Walevya wasio maji kama bangi ni haramu kuwatumia, lakini kwa madhehebu yetu si najisi. Wallahu aalam.

Twaongeza nasaha, nayo si hukumu: akishathibitisha kuwa anao San Pedro, asiuzalishe kwa biashara maadamu vijana wameanza kuuulizia. Mitaa yetu imeshaumia vya kutosha kwa unga na muguka. Na kijana huyo aambiwe jambo moja bila kumficha: wengi hawajui kuutambua, na atakayekosea akachemsha jamaa ya mnyaa atakuwa amekunywa sumu.

Waliobaki na hamu ya kupanda, kazi ni nyepesi. Kateni kipande cha kiasi cha shibiri mbili kwa kisu safi, msimu wa kaskazi ambapo hewa ni kavu. Kiwekeni kivulini wiki mbili hadi kidonda kifunge kabisa, maana kikipandwa kibichi huoza. Udongo uwe wa kupitisha maji: mchanga mkubwa wa mto, udongo wa kawaida, na samadi kidogo iliyooza. Mchanga wa ufuoni una chumvi, usitumike. Chungu kiwe na tundu chini, kisha msinyweshe mpaka mizizi ishike. Baadaye nywesheni kwa kushibisha, mkangoja udongo ukauke ndipo mrudie. Wakati wa masika isogezeni chini ya upenu. Cereus wa nchi za joto hustahimili hali yetu, ilhali San Pedro umezoea usiku wa baridi wa milimani. Mche uliolelewa kivulini usitolewe juani ghafla, kwani huungua na kovu lake halifutiki. Wadudu weupe mithili ya pamba huondolewa kwa brashi na maji ya sabuni.

Kubebea, zungusheni gazeti lililokunjwa mara nyingi, kwani glavu za kitambaa hupenya miiba. Na vipande vilivyokatwa visitupwe jaani wala vichakani, maana huota mizizi palepale vilipoangukia. Afrika Kusini mandacaru sasa ni gugu lililopigwa marufuku, na huko Laikipia mpungate wa aina nyingine umewanyima wafugaji malisho. Viacheni vikauke juani juu ya saruji hadi vife, ndipo mvichome.