Kamera inaulizwa kibali, moshi haukuulizwa

Hebu nikuulize, ndugu yangu. Kiwanda cha karatasi cha Pan Paper pale Webuye kilianza kazi 1974, kikafungwa 2009. Miaka 35. Keti na mzee yeyote wa pale, muulize kuhusu ile harufu, kuhusu mabati yaliyotoboka kwa kutu kabla ya wakati wake, kuhusu uchafu ulioishia Mto Nzoia. Atakueleza mpaka giza liingie. Sasa mwambie akuonyeshe video. Hana.

Mto wenyewe hauanzii Webuye. Unashuka kutoka milima ya Cherangani, unapita mashamba ya Trans Nzoia upande wa Kitale, ndipo uingie Bungoma na kwenda zake Ziwa Victoria. Kijana wa Kitale akitaka kuufuata na kamera, aongee na wakulima na kina mama wanaochota maji, sheria inamwambia nini? Sura 222, kifungu cha 4: filamu ya kuonyesha umma ama kuuza haipigwi bila leseni. Sheria iliyoandikwa wakati wa mkoloni, na bado tumeibeba! Haya, mabati yalipokuwa yanaliwa, wenye nyumba waliombwa ruhusa na nani?

Na usiniambie eti hiyo ni karatasi tu. Aprili 2025 BBC walitoa Blood Parliament, kuhusu vijana waliopigwa risasi Bungeni tarehe 25 Juni 2024. Walichambua picha zaidi ya 5,000, zikiwemo za wananchi waliokuwa pale na simu zao. Siku chache baadaye, usiku wa tarehe 2 Mei, polisi wakawakamata watengenezaji filamu wanne Nairobi, wakabeba na vifaa vyao. BBC wakasema hawa hata hawakuhusika. Waliachiliwa kesho yake, baada ya kelele. Na hiyo ni Nairobi, mawakili wako karibu. Huyu wetu wa Bungoma akishikwa Ijumaa jioni, nani atajua kabla ya Jumatatu?

Bunge liondoe hiyo leseni kwa dokumentari. Na wewe, acha kumjua mpiga video siku ya harusi pekee. Akisimamishwa sokoni aulizwe kibali, usipite kama hujaona. Simama naye, rekodi, uliza jina na namba ya askari. Akimaliza filamu, aipeleke Webuye kwanza, atundike shuka ukutani, wale wazee waseme kama ni kweli, kabla ya watu wa mahoteli ya Nairobi kumpigia makofi.