Jina Lisilokuwamo Daftarini

Waandishi wa wasifu wa wafanyabiashara wa manyoya wa Kanada huanzia kwenye nyaraka za Kampuni ya Hudson's Bay, zilizohifadhiwa Winnipeg. Si ajabu, kwani makarani wake waliandika mengi: ngozi ngapi zimeletwa, baruti kiasi gani imetolewa, nani kafa. Lakini mshika kalamu ndiye aliyeamua nani atajwe kwa jina.

Mtazame Thanadelthur, mwanamke wa Kidene. Alitekwa na Wakree, akatoroka, akafika kituo cha York Factory mwaka 1714. Mwaka uliofuata gavana James Knight alimtuma na William Stuart kuwapatanisha Wakree na Wadene, ili biashara ifunguke upande wa kaskazini. Njaa na maradhi vikaupunguza msafara. Yeye akawaacha wenzake kambini, akatangulia peke yake kuwatafuta watu wake, akawasihi hata sauti ikamkauka. Amani ikapatikana. Alifariki Februari 1717, na Knight alimwomboleza kwa maneno mazito katika shajara yake, shajara ile ile inayomwita "mwanamke mtumwa" tu. Jina lake limetufikia kwa vinywa vya Wadene.

Ndiyo maana siwaafiki wanaoyatupa masimulizi kwenye tanbihi, kama kwamba ni kiungo cha kukolezea nyaraka. Atakaye kumwandika upya Thanadelthur na ajifunze lugha ya Kidene, au aketi na wanaoijua. Kiingereza cha Knight hakitamfikisha kwake.